Ishirini na Tano

Kwanza naipima mkononi, tupu.
Plastiki nyeusi, imepinda kama ndizi mzuzu,
na karatasi iliyobandikwa: inabeba ishirini na tano.
Ile ya chuma, iliyokuja na bunduki, inabeba kumi,
ubavuni imekwaruzwa herufi za mtu
aliyestaafu kabla sijaajiriwa.

Mlekwa kaileta jana kutoka Tabora mjini
ndani ya mfuko wa mchele, pamoja na risiti.
"Utapumzika kujaza, Afisa."
Kujaza hakujawahi kunichosha.
Kinachochosha ni mbwa wa kichaa,
kumi na mmoja kiangazi hiki, Sikonge peke yake,
na chanjo zingali kwenye barua.

Nyuma ya ofisi kuna shimo walikofyatulia matofali.
Nimepanga makopo ya rangi ukutani mwa udongo.
Daftari. Kalamu. Kipande cha kanga cha kufutia.

Risasi hii ni ndogo, ina ukosi kitakoni.
Ukosi wa juu sharti utangulie ukosi wa chini;
ukibaki nyuma zinang'ang'aniana
kama ndugu wawili na shamba moja la tumbaku,
na hakuna inayopanda.
Kumi za kwanza zimeingia kwa adabu.
Ya kumi na nane, kidole kimesikia springi ikisita,
kama mtu anayetafuta namna ya kukukopa.
Nikaandika: 18, inasita.

Mkupuo wa kwanza: ya kumi imesimama wima mlangoni.
Nikaichomoa, nikaendelea.
Wa pili, safi zote,
Mlekwa akapiga makofi peke yake.
Wa tatu, safi.
Wa nne niliiangusha kwanza, makusudi,
kwenye vumbi letu jepesi kama unga wa muhogo,
nikaipangusa kama ambavyo ningeipangusa
mtu akiwa anapiga kelele.
Zimekwama tatu.

"Nne katika mia," Mlekwa kapiga hesabu kwenye simu.
"Umepata tisini na sita. Shuleni hiyo ni A."
Nikamuuliza: nne zipi?
Akadhani natania.
Nne zipi, Mlekwa? Nitajie,
nizimalizie hapa kwenye makopo
nibaki na zile tisini na sita
kwa siku kama ile ya Tutuo.

Akanyamaza.
Tutuo alikuwepo, yeye ndiye aliyeendesha.
Mtoto juu ya paa la bani, kandambili moja mguuni,
mbwa chini anazunguka, mate yananing'inia,
na mimi hatua thelathini, nafyatua.
Ile ya chuma haikukwama hata mara moja.
Ilinipa risasi moja, ikanipa nyingine,
kwa uaminifu,
na mimi nikazipeleka tisa kwenye mchanga.
Ya kumi ndiyo iliyompata.
Baada ya hapo magazini ilikuwa tupu,
na mimi ndiye niliyejua; mtoto hakujua,
nilidhani Mlekwa naye hakujua.

Kumbe alihesabu.
Kumbe alihesabu, akaweka posho za safari mbili,
akaenda mjini kuninunulia kumi na tano za ziada.
Hilo halikuandikwa kwenye risiti.

Nimeichora ile ya plastiki mstari mwekundu
kwa rangi ya kucha: *mazoezi tu*.
Mlekwa kaitazama, kaitikia kwa kichwa,
kaenda kuangalia maji ya rejeta
ambayo aliyaangalia asubuhi.

Nikabaki na daftari.
Chuma: mia, kukwama sifuri.
Plastiki: mia, kukwama nne.
Chini yake palikuwa na mstari mmoja mtupu.
Nikaandika: Nyanzobe. Kumi.
Kalamu ikasita kidogo, kama ile ya kumi na nane,
kisha nikajaza: tisa.

Kesho alfajiri, kabla ofisi haijafunguliwa,
nitayapanga makopo tena.